UZI: Hardy Krüger wa Momella, Mjerumani aliyevalishwa sare ya adui karibu maisha yake yote

#1 Mleta mada

Habari za jioni wakuu. Huu uzi nimekaa nao muda mrefu, leo naushusha.

Watu wa huku Arusha wanaomfahamu Hardy Krüger wanamfahamu kwa mambo mawili: alicheza Hatari! na John Wayne, halafu akanunua shamba Momella. Habari inaishia hapo. Naomba tuanzie hapo inapoishia, kwa sababu huyu bwana ana zaidi ya miaka 40 kwenye filamu na televisheni, na sehemu kubwa ya miaka hiyo alikuwa anafanya kazi ngumu kuliko tunavyodhani. Alikuwa anamvaa Mjerumani, mara nyingi mwenye sare, mbele ya Waingereza, Wafaransa na Wamarekani waliotoka kuzika ndugu zao juzi tu.

Tuelewane mapema. Kuna filamu kadhaa alikuwa steringi, lakini kwenye nyingi kubwa jina lake ni la tatu, la tano, la nane. Tuliokulia kibanda umiza tulizoeshwa kumfuata steringi, wengine wote ni wa kupigwa ngumi. Krüger ni wa lile kundi ambalo steringi akitoka kwenye picha, macho yako yanabaki kwake.

Alizaliwa Berlin, mtaa wa Wedding, tarehe 12 Aprili 1928. Wazazi wake walikuwa wafuasi wa Hitler, na kijana alipofika miaka 13 akapelekwa shule ya bweni ya chama cha Wanazi kule Sonthofen, moja ya zile shule zilizobeba jina la Hitler mwenyewe. Ni huko walikomtoa kwenda kucheza filamu yake ya kwanza, Junge Adler, iliyoonyeshwa 1944. Ilikuwa filamu ya propaganda, ya vijana na kiwanda cha ndege.

Sasa angalieni maisha yanavyogeuka. Kwenye studio za Babelsberg akakutana na mwigizaji mkubwa wa wakati ule, Hans Söhnker. Huyu Söhnker hakuwa anakubaliana na utawala, na ndiye aliyemwambia kijana ukweli kuhusu kambi za mauaji. Krüger mwenyewe alisema miaka yote kwamba Söhnker ndiye aliyemfungua macho. Mtoto kaingia kutengeneza propaganda, katoka hana imani tena na aliyemtuma.

Machi 1945 akaandikishwa kwenye divisheni ya SS, lile jeshi la chama cha Hitler, iliyoitwa Nibelungen, hajafikisha hata miaka 17. Alipoamriwa kuwapiga risasi Wamarekani akakataa. Akahukumiwa kifo kwa woga. Ofisa mmoja akaizuia ile hukumu, akapewa kazi ya kupeleka ujumbe, na baadaye akatoroka na kujificha Tyrol mpaka vita vikaisha.

Wakuu, liwekeni hili akilini tunavyoendelea. Mtu ambaye SS walitaka kumuua akiwa mtoto ndiye dunia ilimpigia simu, mwaka baada ya mwaka, avae zile sare.

#2 mdau_wa_Usa

Mkuu endelea, usituache njiani. Mimi nimepita Momella mara nyingi na gari la wageni. Kila siku nawaambia "hapa aliishi mwigizaji wa Hatari", wakiuliza kacheza nini kingine nabaki kimya.

#3 Mleta mada

Mdau, naendelea. Na wageni wako wakiwa Wajerumani, wenyewe watakusaidia, maana kwao huyu ni jina kubwa sana.

Baada ya vita alicheza jukwaani na kwenye filamu za Ujerumani, nyingi ni za mapenzi na vichekesho, sizisemi sana. Mlango ulifunguka 1957 na filamu ya Uingereza, The One That Got Away, muongozaji Roy Ward Baker. Ni habari ya kweli ya Franz von Werra, rubani wa Kijerumani aliyeangushwa Kent mwaka 1940, akafungwa kama mateka Uingereza, akatoroka, akakamatwa, akatoroka tena, akapelekwa Kanada, na huko ndiko alikofanikiwa kweli: aliruka kutoka kwenye treni, akavuka mto St. Lawrence uliokuwa umeganda, akaingia Marekani ambayo ilikuwa bado haijaingia vitani.

Fikirieni mnunua tiketi wa London mwaka 1957. Ni miaka 12 tu tangu mabomu yanyamaze. Analipa pesa yake, anakaa gizani, na anajikuta anamwombea rubani wa Kijerumani asikamatwe na polisi wa Kiingereza! Magazeti ya kule hayakumpokea Krüger kwa maua alipofika, lakini filamu ilienda vizuri na yeye akabaki na kazi. Mwaka uliofuata akacheza mwanafunzi wa Kijerumani pale Cambridge, na 1959 muongozaji Joseph Losey akamweka kama mchoraji wa Kiholanzi kwenye Blind Date.

Siri yake ni nini? Kwa jicho langu ni ule mwili usiotulia. Von Werra wake hachezi shujaa. Anajisifu, anadanganya, anatabasamu kabla hajajua atasema nini, na kila akiingia chumbani macho yake yanatafuta dirisha. Humpendi kwa sababu ni mwema. Unamfuata kwa sababu anataka kitu kimoja tu, kutoka.

#4 mzee_wa_baraza

Vijana, Hatari! mimi niliiona sinema ikiwa bado ni jambo la kuvaa shati jeupe. Tulichoshangilia si John Wayne, tulishangilia kusikia Kiswahili kwenye picha ya Wazungu, na jina lenyewe ni neno letu. Yule Mjerumani namkumbuka, alikuwa dereva. Endelea mwanangu, ila usiiruke hiyo.

#5 Mleta mada

Shikamoo mzee. Siiruki.

Muongozaji Howard Hawks alikuja kupiga Hatari! huku kwetu kati ya mwisho wa 1960 na mwanzo wa 1961, Tanganyika ikiwa bado haijapata uhuru, ikaonyeshwa 1962. Habari ni ya watu wanaokamata wanyama wakiwa hai kwa ajili ya bustani za wanyama. Wayne ndiye kiongozi, Krüger ni Kurt Müller, dereva wa zamani wa mashindano ya magari. Elsa Martinelli, Red Buttons na Mfaransa Gérard Blain wamo, na muziki ni wa Henry Mancini. Mwishoni ndama wa tembo wanakatiza mitaa ya Arusha.

Utamu wa filamu ile ni kwamba hakuna ujanja wa studio kwenye zile mbio. Waigizaji wenyewe wako juu ya magari, faru anagonga bodi kweli, vumbi ni la kweli. Kisa chenyewe ni chepesi, nakiri. Lakini angalieni Hawks alivyofanya: kamweka Mjerumani na Mfaransa kwenye kikosi kimoja. Wanaanza kwa kupigana ngumi, wanagombea msichana, wanaishia marafiki. Mwaka 1962 hilo halikuwa jambo dogo kwa mtazamaji wa Ulaya, na limepitishwa bila hotuba hata moja.

Krüger hakurudi kwao moja kwa moja. Alinunua Momella, pale kati ya Meru na Kilimanjaro, karibu na yale maziwa ya magadi yenye heroe. Akajenga, akafungua hoteli, akawa anatoka hapo kwenda kupiga filamu Ulaya na Marekani, kisha anarudi. Kitabu chake cha kwanza, cha mwaka 1970, kilihusu shamba hilo. Binti yake aliyezaliwa miaka ya 1960 akamwita Malaika, na Malaika Krüger naye akawa mwigizaji, kama dada yake Christiane na kaka yake Hardy mdogo. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 mambo ya shamba yakamshinda, akaondoka. Nyumba yake ndiyo hiyo leo inaitwa Hatari Lodge.

#6 mwana_wa_Engare

Mleta mada unaandika vizuri na sina ugomvi na Krüger kama mwigizaji. Ila sisi wa Meru tukisikia Momella hatusikii sinema kwanza. Engare Nanyuki iko jirani tu. Mwaka 1951 serikali ya Mwingereza iliwaondoa Wameru pale kwa nguvu, nyumba zikachomwa, ardhi wapewe walowezi, na 1952 Kirilo Japhet akaenda mpaka Umoja wa Mataifa kutusemea. Miaka kama kumi baadaye mtu anakuja kupiga filamu, anapenda mandhari, ananunua. Wazee wetu walikuwa hai, wanaangalia.

#7 Mleta mada

Mkuu, umesema jambo ambalo lilitakiwa liwe kwenye post yangu na mimi nililiacha. Naomba radhi. Shamba la Momella lilikuwa la familia ya Kijerumani ya Trappe tangu enzi za mkoloni wa kwanza, na Margarete Trappe, yule mama mwindaji, alifariki 1957, miaka michache kabla Hatari! haijapigwa. Kwa hiyo Krüger aliingia kwenye ardhi yenye historia ndefu ya nani anaruhusiwa kukaa na nani anafukuzwa. Wanaopeleka wageni kule wakisimulia habari ya John Wayne, wasimulie na ya Kirilo Japhet. Ni nusu saa ile ile ya barabara.

Simtetei kwa hilo. Nimekuja kumtetea kama msanii, na nitabaki hapo.

#8 mdau_wa_Usa

Nimelipokea mwana wa Engare, kuanzia kesho nalisimulia. Mleta mada, wewe unaona kazi yake bora ni ipi?

#9 Mleta mada

Wengi watakutajia ile ya Kifaransa, Les Dimanches de Ville d'Avray ya Serge Bourguignon. Anacheza Pierre, rubani aliyerudi kutoka vita vya Indochina bila kumbukumbu, akiamini ameua mtoto wa kike kule. Anakutana na binti mdogo aliyetelekezwa shule ya watawa, na kila Jumapili anamtoa wakatembee ziwani kama vile ni baba yake. Majirani wanaangalia kwa jicho baya, na unajua itaisha vibaya. Ilichukua Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni. Humo Krüger anaongea Kifaransa na karibu hafanyi kitu. Anatembea tu, ameinamisha kichwa, na mikono hajui aiweke wapi. Kitambo kidogo kabla ya hapo alikuwa amecheza filamu nyingine ya Kifaransa, Un taxi pour Tobrouk, na Lino Ventura na Charles Aznavour, yeye akiwa kapteni wa Kijerumani aliyetekwa jangwani Libya na anasafiri gari moja na maadui zake. Mwisho wake siusemi. Itafuteni.

Lakini yangu mimi ni The Flight of the Phoenix ya 1965, muongozaji Robert Aldrich. Nipeni nafasi niieleze taratibu.

Ndege ya mizigo imeanguka Sahara. Maji yanahesabika. Rubani ni James Stewart, mzee wa kazi, msaidizi wake ni Richard Attenborough. Kati ya abiria kuna Mjerumani mwenye miwani anayeitwa Heinrich Dorfmann, na huyo ni Krüger. Anazunguka mabaki ya ndege peke yake, anapima, anaandika. Halafu anatangaza kwamba kutokana na vipande vizima inaweza kujengwa ndege nyingine ndogo, ikawatoa pale. Anasema yeye ni mbunifu wa ndege. Hawampendi. Ni mkavu, anaamuru, hana neno la faraja. Kuna usiku maji yanapungua na inajulikana kuna mwizi. Dorfmann anasema bila kuulizwa mara mbili: ni mimi, nilihitaji, kwa sababu nafanya kazi kuliko ninyi. Hatetemeki, wala haoni aibu. Anaona ni hesabu tu.

Wanajenga. Wanakufa mmoja mmoja huku wanajenga. Ndege ikikaribia kwisha, Stewart na Attenborough wanakaa naye, mazungumzo ya kawaida, wanataka kujua ndege kubwa kuliko zote aliyowahi kubuni ni ipi. Anawafunulia katalogi ya kampuni yake. Anawaonyesha kwa fahari. Wanatazama ukurasa, wanatazamana. Ni ndege za mfano! Zile wanazorusha watoto na watu wazima wenye mapenzi nazo, mabawa ya mita mbili. Mtu aliyeshika roho zao hajawahi kubuni ndege inayobeba binadamu.

Hapo ndipo mwigizaji wa kawaida angecheza aibu au hasira. Krüger anacheza mshangao. Haelewi kwa nini wameishiwa nguvu. Anawaeleza kwa subira ya mwalimu kwamba ndege ya mfano si mwanasesere, kanuni za hewa ni zile zile, na tena ya mfano inabidi iwe tulivu zaidi kwa sababu haina rubani wa kuirekebisha ikiyumba. Na yuko sahihi! Attenborough anaanza kucheka kicheko kinachoelekea kilio, Krüger amebaki na katalogi mkononi kama mtu aliyeonyesha picha ya mwanawe na kuchekwa.

Na nyuma ya skrini kuna hili: James Stewart alikuwa rubani wa kweli wa ndege za mabomu, alirusha misheni 20 dhidi ya Ujerumani. Krüger wakati huo alikuwa mtoto wa shule kule chini. Miaka 20 baadaye wamekaa mchangani wanabishana nani anajua kurusha ndege. Sidhani kama kuna aliyehitaji kuwafundisha jinsi ya kutazamana.

Kwenye upigaji wa filamu ile rubani wa ndege za sinema Paul Mantz alifariki, Julai 1965. Ukiona ile ndege inapita juu ya mchanga, kuna mtu alilipia.

#10 kibo_na_mawenzi

Swali la kizushi mkuu. Kama aliwachukia Wanazi hivyo, kwa nini aliendelea kukubali zile nafasi? Si angekataa tu?

#11 Mleta mada

Swali halali kabisa.

Angekataa, zingechezwa na mtu mwingine, na adui angekuwa wa kubandika: anafoka, anacheka ovyo, anakufa. Krüger alikuwa anajua kitu ambacho mwingine hakukijua. Wale watu walikuwa na adabu mezani, walisoma vitabu, walipenda mvinyo, na bado walifanya waliyoyafanya. Tazama The Secret of Santa Vittoria ya 1969. Kijiji cha Italia kimeficha chupa kama milioni moja za mvinyo, na kapteni wa Kijerumani von Prum, ndiye Krüger, katumwa azitafute. Ni mstaarabu. Anabisha hodi. Anashindana akili na meya, ambaye ni Anthony Quinn, na kadiri muda unavyokwisha ule ustaarabu unabanduka vipande vipande, mpaka anamwekea mtu bastola kichwani. Halafu anaondoka mikono mitupu, na meya anampa chupa moja kama zawadi. Ile sura anayobaki nayo Krüger akiishika hiyo chupa, mtu mkali asingeweza kuitengeneza.

Muongozaji Stanley Kubrick naye aliliona hilo. Kwenye Barry Lyndon ya 1975 Krüger ni kapteni Potzdorf wa Prussia, si Mnazi, ni karne ya 18, lakini ni kazi ile ile. Anamkuta Barry kavaa sare ya kuiba, anaomba wasafiri pamoja, anamkaribisha chakula, anamuuliza maswali kwa upole. Barry anajitamba anapeleka barua kwa jenerali fulani. Potzdorf anajua jenerali huyo amekwishakufa. Hapandishi sauti hata kidogo. Anamkamata kwa tabasamu.

Na kuna A Bridge Too Far ya 1977. Muongozaji ni Richard Attenborough, yule yule wa Phoenix. Krüger ni jenerali wa SS. Inasimuliwa kwamba kila kamera ikizimwa alivaa koti refu juu ya ile sare, isionekane, asiione. Mtu ana umri wa karibu miaka 50, na bado kitambaa kile kinamchoma. Kamera ikiwashwa anavua koti, anaingia kazini.

Uzeeni alikuwa anapita mashuleni Ujerumani kuwaambia vijana alichokiona, akipinga siasa kali za kulia zilizokuwa zinarudi. Kibo, hilo ndilo jibu langu. Hakuwa anawacheza ili watukuzwe.

#12 mzee_wa_baraza

Na televisheni? Umeahidi televisheni.

#13 Mleta mada

Kweli mzee. Televisheni ni sura ya mwisho. Mwaka 1988 alicheza Rommel, yule jemadari wa Hitler, kwenye mfululizo mkubwa wa Marekani, War and Remembrance. Lakini Wajerumani wa nyumbani walimpenda zaidi kwenye Weltenbummler, kipindi chake cha safari kilichoanza 1987 na kuendelea mpaka katikati ya miaka ya 1990. Humo hakuvaa uhusika wowote. Mzee mwenye nywele nyeupe anazunguka dunia, anakaa na watu, anasikiliza. Kabla ya hapo, 1978, alikuwa tena kwenye filamu ya Afrika, The Wild Geese, na Richard Burton, Roger Moore na Richard Harris. Alicheza Kaburu mbaguzi anayelazimika kumbeba mgongoni rais Mwafrika, nafasi ya Winston Ntshona. Filamu yenyewe ya mamluki siipendi, na picha yake ya Afrika inaniudhi. Ila mazungumzo ya wale wawili porini, mmoja kambeba mwenzake, ndiyo sehemu pekee ambayo watu wanaongea kama watu.

Alifariki Palm Springs, California, Januari 2022, umri miaka 93.

#14 mdau_wa_Usa

Wakuu, nimerudi. Nimeitafuta Phoenix, nimeimaliza saa nane usiku, familia imelala.

Mleta mada hujasema kuhusu zile risasi za kuwashia injini. Zimebaki chache mno, kila moja ikishindwa ni matumaini yanapotea. Stewart anaamua kuchoma moja makusudi, injini ikiwa imezimwa, asafishe silinda. Dorfmann anapiga kelele, anamkataza, anahesabu, kwa hesabu yake huo ni ufujaji. Stewart anaichoma tu. Inayofuata, injini inashika.

Nikarudisha nyuma kumtazama Krüger peke yake hapo. Dakika moja nyuma alikuwa yuko tayari kumkaba mzee wa watu. Propela inazunguka, mchanga unamrukia usoni, miwani imejaa vumbi, na yeye anacheka mdomo wazi kama mtoto wa darasa la pili aliyeona tiara lake limepanda.

Kesho asubuhi nina wageni wanne wa kwenda Momella.